Meza Moja kwenye Uwanda wa Chumvi

Gari la watalii liliingia kwenye uwanda wa chumvi kupitia mlango wake wa kawaida, yaani mahali ambapo matairi ya miaka mingi yameshindilia tope la ukingoni hadi likawa gumu. Mwongozaji, mwanamke mwembamba aliyevaa kofia ya kitambaa iliyofunika hadi shingo, alieleza jambo hilo bila kuondoa macho mbele.

"Pembeni ndiko kubaya. Katikati ni kugumu kama sakafu ya benki. Anayezama, huzama akiwa anaingia au anatoka."

"Kama ndoa," alisema bwana harusi kutoka kiti cha nyuma.

"Wiki ya kwanza tu hii," mkewe alimjibu, "na umeshaanza kuulizia mlango wa kutokea."

Wageni siku hiyo walikuwa wanne: maharusi hao, mzee mmoja na binti yake. Mzee alikuwa dereva wa mabasi ya masafa marefu aliyestaafu mwezi uliopita. Abiria walimwita Breki, kwa sababu alianza kupunguza mwendo mbali sana na kituo, kiasi kwamba aliyesinzia alipata muda wa kuamka, kutafuta viatu na kumuaga jirani yake. Jina hilo hakulichukia. Madereva wenzake walikuwa na majina mabaya zaidi, na baadhi yao walikuwa wameyapata hospitalini.

Safari ilikuwa zawadi ya kustaafu kutoka kwa watoto wake wawili. Mwanawe wa kiume, aliyefanya kazi mji wa mbali, ndiye aliyepanga kila kitu kwa simu. Binti ndiye aliyemsindikiza. Kazi yake ilikuwa ukaguzi wa mizani: alizunguka maduka na masoko na sanduku la vipimo vya chuma, akiweka juu ya kila mzani uzito anaoujua na kutazama mzani unasema nini. Kazi hiyo ilikuwa imemfundisha kutobishana na wauza duka. Muuzaji anaweza kuapa kwa lugha yoyote. Kipimo kikishawekwa, maneno yanakwisha.

Jumatatu, yaani keshokutwa, baba yake angeanza kazi mpya ya kuendesha basi dogo la shule ya chekechea. Binti ndiye aliyempendekeza kwa mkuu wa shule, na mtoto wake mwenyewe wa miaka minne angepanda basi hilo. Kwake ulikuwa mpango mzuri usio na kasoro. Kasoro pekee ilikuwa simu ya kaka yake jana mchana.

"Macho ya baba yakoje?" kaka aliuliza.

"Nani kakwambia yana shida?"

"Hakuna aliyeniambia. Nilipokuja juzi alinipita uani kama anapita nguzo."

"Alikuwa na mawazo."

"Sawa. Huko mnakokwenda mwangalie."

Alikasirika. Mtu anayefika nyumbani mara mbili kwa mwaka asingefaa kuwa mkaguzi wa anayekaa hapo kila siku. Hata hivyo, dai ambalo halijapimwa lilimkera kuliko dai la uongo, na usiku huo alilala nalo.

Katikati ya uwanda mwongozaji alisimamisha gari, wote wakashuka. Chini palikuwa ukoko mweupe uliogawanyika katika vyumba vya pembe tano na sita, kila chumba kikiwa na ukingo mdogo ulioinuka kama mshono. Ukoko ulilia chini ya viatu. Zaidi ya hapo hakukuwa na kitu: hakuna mti, nguzo, jiwe wala ndege. Mwongozaji alieleza kwamba zamani palikuwa ziwa, maji yakaondoka na chumvi ikabaki, na kwamba kila mwaka mvua huyeyusha juu kidogo na jua hukausha tena, ndiyo maana panabaki tambarare. Alitaka kila mtu avae miwani ya jua na asiivue.

Kwa kuwa hakuna kitu cha kulinganishia, mbali na karibu hufanana. Maharusi waliutumia ukweli huo kwa picha. Bibi harusi alirudi nyuma sana, mumewe akanyoosha kiganja mbele ya kamera, na kwenye picha mke akaonekana amesimama juu ya kiganja akiwa mdogo kama kikombe.

"Hapo nimekuweza," alisema mume.

"Ngoja zamu yangu. Mimi nitakutia kwenye kiatu."

Baada ya picha mwongozaji alitangaza zamu ya usukani. Hiyo ilikuwa desturi ya kampuni yao, na wageni wengi walikuja kwa ajili yake: kila anayejua kuendesha hupewa gari azunguke anavyotaka, gia ya pili tu, kwa sababu hakuna cha kugonga. Wakati huo yeye huandaa chakula.

Aliteremsha meza ya kukunja, akaitandika kitambaa cha buluu, akapanga viti. Binti alimsaidia kukata matango na mkate. Bibi harusi aliendesha kwanza, akachora duara na kurudi amefurahi. Kisha mumewe akaenda mbali, akarudi kwa kasi iliyozidi kidogo aliyoruhusiwa, akaizunguka meza kwa mbali na kusimama mbele ya mwongozaji, ambaye alikuwa ametoka hatua chache ili kumkemea kwa mkono.

Zamu ya tatu ilikuwa ya Breki. Bwana harusi alibaki garini, akahamia kiti cha kushoto na simu yake mkononi ili amrekodi.

Hapa kuna jambo la familia hiyo la kueleza. Enzi za basi, kondakta alikaa mlangoni upande wa kushoto. Kabla ya kuingia kituoni au kutoka, dereva aliuliza, "Kushoto?" na kondakta, akishatazama, alijibu, "Safi." Breki alilileta neno hilo nyumbani. Yeyote aliyekaa kiti cha kushoto cha gari lake dogo aliulizwa, naye alijibu. Wanawe walilijua jibu hilo kabla ya kujua kusoma. Lilikuwa utani wa nyumbani, na kama utani wowote wa zamani lilisemwa bila kufikiriwa, kama mtu anavyoitikia salamu. Asubuhi hiyo, njiani kuja kwenye ofisi ya watalii, binti alikuwa amelijibu safari nzima huku akisoma ujumbe kwenye simu.

Breki aliendesha vizuri. Alikwenda mbele kwa mstari ulionyooka kuliko wa wenzake, akageuza kwa upana, akarudi. Mwongozaji alisimama mahali palepale alipomsimamisha bwana harusi, akapunga mkono. Meza ilikuwa nyuma yake kidogo, kushoto kwa gari linalokuja. Binti alikuwa amekaa kwenye kiti cha mwisho wa meza, amejifunga kilemba chekundu, kisu cha matango mkononi.

Garini, kwa mujibu wa video ya bwana harusi, mzee aliuliza, "Kushoto?"

"Kushoto chumvi, kulia chumvi," alisema bwana harusi akicheka, macho yakiwa kwenye kioo cha simu. "Ukitaka pilipili, mzee, hapo sina msaada."

Breki alianza kuvuta gari kushoto taratibu, kama anayeingiza basi kwenye nafasi yake kituoni. Binti alimwona usoni. Alikuwa anamtazama mwongozaji, ametulia, anatabasamu. Alichokitazamia binti ni gari kupunguza mwendo, kwa sababu alikuwa hajawahi kuona gari la baba yake likikaribia kitu bila kupunguza. Halikupunguza. Aliinuka, akaliendea boksi la barafu lililokuwa kando, si kwa kukimbia, na alipofika hapo bampa likaichukua meza upande wake wa mbele. Meza ilijikunja yenyewe kama ilivyotengenezwa kujikunja. Kiti alichokuwa amekikalia kilisukumwa, kikalala chali. Matango yakaenea juu ya chumvi.

Gari lilisimama baada ya mlio, si kabla.

Bibi harusi ndiye aliyecheka kwanza, akishika kifua. "Uwanda wote huu, baba. Na meza ni moja."

Breki alishuka, akazunguka mbele ya gari, akaitazama meza kwa muda. "Nimeendesha kwenye barabara zenye mashimo kuliko lami," alisema. "Sijagusa hata kuku. Kumbe tatizo ni nafasi. Nafasi ikizidi, mtu anaharibikiwa."

Wote walicheka, hata yeye. Mwongozaji aliiinua meza, akakuta mguu mmoja umepinda, akaunyoosha kwa goti. "Ni mwanga, mzee wangu," alisema. "Huku macho hudanganya. Wapo waliokuja wakadhani gari liko karibu, wakatembea mpaka wakaomba maji."

"Mwanga," alikubali Breki. "Mwanga ni mkali kweli."

Binti alikwenda kuangalia alama za matairi. Chumvi huhifadhi alama vizuri: mishono ya ukoko ilikuwa imelazwa kwa mistari miwili iliyo sawa mpaka mahali pa meza, kisha hatua mbili mbele ndipo palipochimbika kidogo, breki zilipokanyagwa. Alama za bwana harusi zilipita pembeni, zikikwepa. Bwana harusi aliendesha kwenye mwanga uleule, kutoka upande uleule, na kwa kasi zaidi.

Walikula wamekaa kwenye mlango wa nyuma wa gari ulioshushwa na juu ya mkeka. Binti alimmiminia baba yake chai na kuiweka kushoto kwake, karibu na kiwiko, bila kusema. Mzee alikula mkate wake wote. Alitazama mbele, akatazama kulia, akamsikiliza bwana harusi akisimulia jinsi alivyompata mkewe kwa kukosea namba ya simu. Mwishowe akasema, "Jamani, mimi chai yangu mmeiuza?"

"Iko hapo, baba."

"Hapo wapi?"

"Hapo," alisema binti, akaihamishia kulia.

Hakuhitaji kipimo kingine. Alisubiri mzee amalize, kisha akamwambia watembee kidogo.

"Twende wapi? Huku na kule ni kulekule."

"Kushusha chakula."

Walitembea mpaka sauti za maharusi zikawa hazisikiki. Binti alitembea upande wa kulia wa baba yake ili mzee amwone.

"Hukuiona ile meza," alisema.

"Mwanga, mama. Umemsikia mwenyeji wetu."

"Bwana harusi aliiona."

"Yule kijana. Tena ana njaa. Meza ya chakula ataiona hata gizani."

"Na mimi hukuniona. Nilikuwa nimekaa hapo."

Mzee alisimama. "Hapo wapi? Wewe ulikuwa kwenye boksi la barafu."

"Nilikwenda kwenye boksi nilipoona hupunguzi. Kabla ya hapo nilikuwa kwenye kile kiti kilichoanguka."

Mzee alivua miwani ya jua, akaifuta kwa ncha ya shati, akaivaa tena. Kazi hiyo ilichukua muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Haya," alisema. "Tuseme jicho la kushoto limechoka."

"Limechoka au halioni?"

"Linaona mwanga. Linaona kama kuna mtu amepita. Nani, halijui."

"Tangu lini?"

"Lilianza mama yako akiwa hai. Yeye nilimwambia. Mama yako alikuwa akisema safi baada ya kutazama. Ninyi wawili mnasema tu. Nikiwa na ninyi huwa nageuza shingo mwenyewe, na nikichoka siigeuzi."

Binti alifikiria safari ya asubuhi na ujumbe aliokuwa akiusoma. Hakuutaja.

"Daktari?"

"Presha ya macho. Kilichokwenda hakirudi. Nina dawa ya matone ya kulinda kilichobaki. Unadhani basi nililiacha kwa nini? Mgongo wangu mzima, miguu mizima. Niliwaambia nimechoka, wakanipigia makofi. Sikutaka kuua watu."

"Lakini basi la chekechea unaliweza."

"Lile ni mtaa kwa mtaa. Gia ya pili."

"Leo ulikuwa gia ya pili."

Mzee alipiga ukoko kwa ncha ya kiatu mpaka kipande kikang'oka. Chini yake palikuwa na unyevu wa kijivu.

"Baba, ile meza inanifika kiunoni. Mtoto wa chekechea haifikii."

"Nimelifikiria hilo. Usinifanye mjinga. Yule dada msaidizi anakaa mlangoni, upande wangu mbaya. Juzi nilipokwenda kuliona gari nilimfundisha."

"Ulimfundisha nini?"

"Kusema safi."

"Ulimwambia kwa nini?"

"Nilimwambia ndiyo mtindo wangu wa kazi. Akafurahi. Anasema kwa sauti nzuri, hata kondakta wangu hakuwa nayo."

Binti alimwona akilini msaidizi huyo, msichana mwenye watoto kumi na tano wa kuwafunga mikanda, mmoja analia, mwingine kavua soksi, akiitikia neno ambalo hajaambiwa lina kazi gani.

"Utampigia mkuu wa shule wewe," aliuliza, "au nimpigie mimi?"

"Mimi si mzani wa muuza nyanya, uje unipime na kunibandika karatasi."

"Sijakubandika. Mzani ukiwa mbovu, mwenye duka hupewa nafasi auondoe mwenyewe."

"Asipouondoa?"

"Nauondoa mimi."

"Mbele ya wateja?"

"Popote ulipo."

Mzee alicheka kidogo kupitia puani. "Nilikusomesha vibaya," alisema, akageuka kurudi. Njiani alitembea mbele.

Alasiri mwongozaji aliwatoa kwa njia ileile waliyoingilia. Bwana harusi aliwaonyesha wote video ya meza mara mbili, na mara zote mbili Breki aliitazama hadi mwisho. Mwongozaji aliuliza kama kuna aliyeumia kichwa kwa jua. Hakuna aliyesema ameumia.

Gari dogo la mzee lilikuwa limeegeshwa kwenye ua wa ofisi ya watalii, chini ya paa la bati. Alifungua mlango, akaingia, akamfungulia binti mlango wa kushoto kutoka ndani. Binti alibaki amesimama nyuma ya gari.

"Panda."

"Sipandi."

"Utarudi na nini?"

"Basi la jioni."

"Lile linaendeshwa na yule anayemenya machungwa huku usukani uko magotini. Ana macho mawili mazima na hayatumii hata moja. Panda, mama, tufike nyumbani."

"Nenda kama unaweza. Mimi sipandi."

Mzee aliwasha injini. Binti hakusogea. Hakujua kuendesha, alikulia kwenye nyumba ya dereva na hakuwahi kuona haja. Alijua pia kwamba hana nguvu ya kumzuia, na kwamba kama gari lingetoka angempigia mkuu wa shule kabla halijafika barabarani, na baada ya hapo baba yake asingeongea naye kwa muda mrefu. Alikuwa ameshaishika simu mkononi.

Maharusi walitoka ofisini upande wa kushoto, wameshikana, wakikata ua kuelekea getini. Walipita mbele ya gari, karibu sana, na bibi harusi akaligonga boneti kwa kiganja kwa kuaga. "Safari njema, baba. Angalia meza."

Taa nyekundu za breki ziliwaka. Gari lilikuwa limesimama, gia haijaingizwa, lakini mguu wa mzee ulikuwa umekanyaga mpaka mwisho. Binti, akiwa nyuma, aliziona taa hizo zikiendelea kuwaka muda mrefu baada ya maharusi kufika getini. Kisha zikazimika, na injini ikazimika.

Mzee alitafuta namba. Alikuwa na tabia ya kuongea kwa sauti ya nje, simu ikiwa imelazwa kwenye paja, kwa hiyo kila kitu kilisikika.

"Shikamoo, baba," alisema mkuu wa shule.

"Marahaba, mwalimu. Jumatatu msinitegemee."

"Kuna nini? Unaumwa?"

Mzee angeweza kusema mgongo. Mkuu wa shule angempa pole na mambo yangeishia hapo.

"Macho," alisema. "La kushoto halioni. Nilikuwa najua."

Upande wa pili ikasikika sauti ya kiti kikivutwa. "Binti yako alinihakikishia."

"Yeye hakujua. Amejua leo saa za chakula."

"Sasa baba, leo Jumamosi. Dereva nitampata wapi mimi?"

"Yupo mmoja tuliyekuwa tunapokezana zamu. Anapenda ubishi, na redio yake haizimiki. Lakini ukimwambia simama, anasimama."

"Macho yake yakoje?"

"Hilo usiniulize mimi," alisema Breki. "Mpime."

Alisoma namba ya mwenzake polepole, akairudia, akakata simu. Akashuka, akafunga milango yote minne kwa kuijaribu mmoja mmoja, akaenda kumuuliza mlinzi kama gari linaweza kulala pale.